Wimbo Uliomfukuza Corinne Nyumbani

Corinne Stroud alifukuzwa nyumbani na mama yake usiku wa theluji, akiwa na miaka kumi na saba. Hivyo ndivyo wimbo unavyosema, na wapenzi wa panki, muziki wa fujo unaopigwa kwa gitaa na banjo, jimbo zima la Indiana na kwingineko, wangekula kiapo kwamba ndivyo ilivyokuwa. Kumbe aliondoka mwenyewe, mchana kweupe, mwezi wa Mei, na begani ana mfuko wenye mkate wa siagi ya karanga aliofungiwa na mama huyohuyo. Lakini mkate wa siagi ya karanga utautungia kibwagizo gani?

Watu wa muziki ule husamehe karibu kila kitu. Sauti ya Corinne ilikwaruza kama sufuria inayosuguliwa mchanga, wakaisifu. Gitaa lake lilikaa mwaka mzima bila uzi wa sita, wakasema huo ndio utu. Kitu kimoja tu hawasamehe, nacho ni mwimbaji mwongo. Kwa hiyo Corinne alidanganya mara moja, akiwa na miaka kumi na tisa, kisha akautetea uongo wake kwa uaminifu mkubwa miaka ishirini na mbili. Wasichana walijichora mikononi maneno ya kibwagizo: *Mama kafunga mlango*. Wengine walimwandikia barua zenye machozi, naye aliona haya kuzisoma hadi mwisho.

Mama yake, Lorraine, dereva mstaafu wa basi la shule, aliambiwa na mwanawe kwamba anaimba habari za mito na misitu. Halafu akapiga simu.

"Jumapili nakuja kukusikiliza. Na usianze visingizio vyako."

Onyesho lilikuwa saa tisa alasiri, chini ya nyumba ya Wade, mpiga banjo wake, kwenye chumba cha mashine ya kufulia. Watu sitini, mbwa wanne, sufuria ya maharage. Lorraine alishuka ngazi na koti lake la kanisani, mkononi bakuli la tambi na nyama.

"Karibu, bibi," Wade alimpokea, bila kujua ni nani. "Hapa hatuli nyama, ila mbwa watakuombea dua."

Corinne alimvuta Wade pembeni. "Wimbo wa mlango leo sipigi."

"Wee! Kuna watu wamesafiri mwendo wa saa kumi kuusikia huo. Unataka wanibomolee nyumba?"

Akabaki na njia mbili: amtukane mama yake usoni, au awaambie watu sitini kwamba wamelilia uongo. Alimtazama yule mama aliyesimama kando ya mashine ya kufulia, mkoba kifuani, akaona aibu hadi masikioni. Basi wajue. Akaupiga wimbo, na kwenye kibwagizo akaimba ukweli: *Mama kaacha mlango wazi, mimi ndiye niliyetoka.*

Sasa, pale hakuna jukwaa wala kipaza sauti. Kila mtu huimba, na mwimbaji akipotea njia, desturi ni kumbeba. Wakadhani amesahau. Wakambeba, maskini, kwa upendo wote: "MAMA KAFUNGA MLANGO!"

Akarudia ukweli kwa nguvu zaidi. Wakamzidi. Alipiga kelele mpaka mishipa ya shingo ikamtoka, nao wakamshangilia kwa hisia aliyoitia wimboni. Wade alikuwa analia waziwazi.

Ndipo akasikia katikati ya kelele sauti moja iliyonyooka, sauti ya kwaya. Lorraine alikuwa amefumba macho, anaimba neno kwa neno, pamoja na ubeti wa pili unaomwita jiwe lililovaa aproni.

Baadaye Corinne alimsindikiza hadi kwenye gari.

"Maneno umeyajulia wapi?"

"Kaseti yako ya kwanza. Niliiagiza kwa posta, kwa jina la jirani."

"Mama, yale si kweli."

"Najua si kweli, Corinne. Nilikuwepo."

"Sasa kwa nini uliimba?"

Lorraine alikuwa anapekua mkoba kutafuta ufunguo. Hakuinua kichwa.

"Nilikuona unakwama mbele za watu."