Machungwa ya Kijapani ya Baba Mkwe

Nilitoka Butembo kwenda Beni kwa sababu ya barua fupi ya baba mkwe wangu, Papa Paluku, iliyoandikwa kwa kalamu nyekundu: "Masika iko kwangu. Hatarudia kwako mpaka weye mwenyewe ukuje kukula machungwa yako mbele yetu." Masika ni mke wangu. Alikuwa amekwenda kuwasalimu wazazi wake, na wiki tatu zilikuwa zimepita bila yeye kurudi.

Hayo machungwa sharti niyaeleze. Kabla ya vita ya kwanza ya nchi yetu nilikuwa mtunza bustani kwa masista wa Butembo, na mmoja wao alikuwa Mjapani. Alikuwa na mti wa kwao uitwao kabosu, ambao alisema hulimwa hasa katika jimbo lake la Oita. Alinifundisha kuubebesha: unakata kijiti chake, unakifunga kwenye mche wa ndimu, unangoja vishikane. Nilipooa, nilimpelekea baba mkwe mche mmoja pamoja na mbuzi wa mahari, nikamwambia ni machungwa ya Ujapani. Nani angempelekea mkwe wake ndimu? Sista mwenyewe aliyachuma matunda yakiwa kijani kabisa na kuyakamua juu ya samaki. Nilimwonea huruma, nikidhani hana subira.

Mti wa Beni ulizaa katikati ya vita ya pili. Papa Paluku aliyaacha matunda mpaka yakawa manjano, kisha akamkaribisha padri baada ya misa ayaonje mbele ya Wakristo wa mtaa wa Ruwenzori. Padri aliuma, akafumba macho, machozi yakamtoka, na watu wakapiga magoti wakidhani anasali. Ndipo barua ikaandikwa.

Saa moja asubuhi nilipita kwa masista nikachuma kikapu kizima kwenye mti wa sista. Matunda yalikuwa bado kijani, lakini barua haikuniachia nafasi ya kungoja. Nilitumaini kwamba angalau moja lingekuwa tamu. Kuonja sikuthubutu. Nikapanda lori la maharagwe, nikakaa juu ya magunia karibu na Mama Kavira, muuza samaki wa Kyavinyonge, aliyekuwa akipeleka Beni samaki wake wa kuchoma.

Tulipofika Maboya tulikuta barrière, kizuizi cha askari. Siku zile barabara ilikuwa na wenyewe wengi, na karatasi iliyokubaliwa na hawa iliwaudhi wale. Askari mmoja aliuliza kikapu kina nini. Kwa mazoea nikajibu ni machungwa. Akachukua moja, akamenya, akatia nusu nzima mdomoni. Uso wake ulikunjamana mpaka kofia ikashuka machoni. Mkubwa wake akasema nimeleta sumu, akaniamuru nile mawili mbele yake. Nilikula. Nilitoa machozi na kamasi, kwa woga na kwa uchachu pia.

Mama Kavira alishuka polepole, akaninyang'anya kikapu.

"Donc weye ndimu unaikulaka kama ndizi?" akaniuliza.

Alikamua tunda moja juu ya samaki, akampa mkubwa. Mkubwa alikula, akalamba kidole, akaomba mwingine. Askari yule wa kwanza naye akala akiwa bado anakohoa. Samaki sita walikwisha pale, na mti wa barrière ukainuliwa bila mtu kuulizwa karatasi. Tulipokuwa tunateremka mlima wa Kabasha nilimkumbuka sista na nikaona haya. Alikuwa amenieleza hayo yote kwa Kifaransa kizuri, nami nikaitikia oui kila mara bila kusikiliza.

Beni tuliingia saa nane, joto limekaza. Nilimsihi Mama Kavira aniachie samaki wawili. Uani kwa Papa Paluku jamaa wote walikuwa wamepangwa kwenye viti, na juu ya kiti kimoja kitupu palikuwa na sahani yenye tunda moja la manjano. Masika alisimama nyuma ya mama yake, hakunitazama.

"Kaa. Kula," baba mkwe akasema.

Ningeweza kusingizia udongo wa Beni. Lakini nilimtazama Masika, ulimi ukakataa uongo.

"Papa, nilikudanganya. Hii haiko machungwa. Iko ndimu ya Japani, na hapana kungoja ikomae."

Nikakamua tunda la kijani juu ya samaki, nikamsogezea sahani kwa mikono miwili. Alikula, ikabaki mifupa tu. Kisha, bila kuinua macho, alikiri kwamba kila Jumapili alikuwa akiumwagia ule mti maji ya miwa shinani ili utie sukari. Mama mkwe ndiye aliyeanza kucheka.

"Masika anaweza kwenda," Papa Paluku akaamua. "Weye utabakia. Majirani wote watataka mti."

Masika alikataa kuniacha. Nilibaki siku kumi nikibebesha vijiti kwenye kila ndimu ya mtaa, vidole vimejaa miiba, baba mkwe akinifuata na kiti chake ili anisimamie. Nimejifunza kwamba kabosu huchumwa ingali kijani, maana ikiiva hupoteza harufu yake.

Siku ya kurudi, lori likipanda Kabasha, nilimwambia Masika kwamba baba yake alikuwa mkali kumzuia vile.

"Papa hakunizuia," akasema. "Ile barua ni miye nilimuambia aandike. Miaka mbili wazazi wangu hawakuona uso yako. Kila mara unasema barabara mubaya, vita, vita."

Na kweli nilikuwa nikienda sokoni Kayna kila mwezi, na huko nako kulikuwa na vita. Nikamuuliza kama nisingekuja ingekuwaje.

"Kila asubuhi nilikuwa nasimama pa barabara naangalia malori," Masika akasema. "Ile usiniulize."

Pasaka iliyofuata tulirudi Beni wote wawili, na hapakuwa na mtu aliyetuandikia barua.