Pambio kwa Sinema Bubu

Jumapili ile mpiga piano aliugua, na jirani yetu mwenye ukumbi mdogo wa sinema hapa Spånga, Uswidi, akaja kumwomba mume wangu ashike nafasi yake. Sinema ilikuwa fupi, ya kuchekesha, ya enzi zile filamu hazina sauti: fundi amebeba ngazi, polisi anamkimbiza.

"Mimi najua nyimbo za kanisani tu," mume wangu alisema.

"Piga chochote, mradi kiende haraka."

Sikutaka kwenda. Mama yangu alikuwa chumba cha upasuaji Morogoro, na mdogo wangu alikuwa ameahidi kunipigia. Lakini ningebaki nyumbani peke yangu ningechanganyikiwa. Nikakaa karibu na mlango, simu mkononi, binti yetu ubavuni.

Taa zikazimwa. Fundi akageuka, ngazi ikampiga polisi, kofia ikaruka. Mume wangu akaanza na wimbo wa taratibu kama wa mazishini, kisha vidole vikamtoroka, akaingia kwenye pambio letu la sadaka, lile tunalocheza nalo hadi madhabahuni. Wazee wa Kiswidi wakapiga makofi. Polisi akatumbukia kwenye pipa la chokaa, ukumbi ukaangua kicheko, mimi nikawaza mashuka ya hospitali. Nilivua koti, nikalivaa tena. Nilitikisa mguu mpaka kiti kikalia.

"Mamma, sitt still!" binti yangu alininong'oneza.

"Mbona nimetulia," nikamjibu, huku nasimama.

Simu ikatetemeka. Nikatoka nikiwakanyaga watu.

"Dada, ametoka salama," mdogo wangu alisema. "Ameamka. Anagombana na nesi, anataka chai, anaambiwa bado."

"Anagombana?"

"Tena sana!"

Nikacheka hadi nikaangukia makoti yaliyotundikwa pale ukutani, nikajifuta machozi kwa mkono wa koti la mtu nisiyemjua.

Niliporudi ndani, taa zilikuwa zimewashwa na mume wangu anashangiliwa. Hakuwatazama. Alikuwa akinitafuta kwa macho. Nikamwonyesha dole gumba, naye akakaa kwenye kiti cha piano kwa kishindo.

Mwisho wa sinema sikuuona. Binti yetu alinisimulia njiani kwa Kiswidi, akirukaruka kama polisi, nami nikiitikia tu, maana kila baada ya hatua chache nilikuwa naitoa simu mfukoni na kuitazama.