Maanrifa na Inshallah ya Karani

Saa mbili asubuhi, Maanrifa anageuza vitumbua mbele ya mlango wake, Magoudjou, Moroni. Wateja wakipungua ananawa mikono, anainua kopo la unga na kutoa karatasi iliyofungwa kwa nailoni. Ni barua yake ya malalamiko, na chini yake pana muhuri wa ofisi ya ardhi, wa Machi 1986.

Mama huyu, mjane kwa miaka saba sasa, ana kiwanja Ntsoudjini. Ni manyahuli, ardhi ya ukoo ambayo mama humwachia binti na haiuzwi. Mwaka juzi jirani yake Moindjié, dereva wa askari wa kukodiwa wa kizungu wanaomlinda rais, alisogeza ua wake hatua kumi na mbili ndani ya kiwanja hicho.

Binti yake wa pekee, Nadjati, ameposwa. Kwa desturi ya hapa mume ndiye huhamia kwa mke, na nyumba ilikuwa ijengwe hapohapo.

“Bwana harusi yupo,” anasema Maanrifa. “Mlango wa kumwingizia ndio haupo.”

Alikwenda ofisini mara kumi na tisa. Karani, Bwana Tadjidine, alimuuliza hali, akala vitumbua, akamwambia inshallah. Kila mara Maanrifa alirudi nyumbani akijua amekubaliwa.

Hatimaye akaenda mahakamani. Hakimu, mtu wa Mutsamudu, alimuuliza kama ofisi imemkatalia. Hapana. Imemkubalia? Akajibu kwamba imesema inshallah.

Hakimu akamweleza kwamba mahakama haiwezi kuipimia ofisi ardhi. Lakini ofisi ikipokea malalamiko ambayo ni wajibu wake kuyashughulikia, kisha ikanyamaza, mahakama inaweza kuiamuru ifanye kazi yake. Ila lazima ithibitike kuwa iliyapokea, na vitumbua si ushahidi.

Safari ya ishirini Maanrifa alibeba barua aliyoandikiwa na mwalimu. Akamnong’oneza karani kwamba mumewe haamini kuwa huwa anakuja ofisini. Je, angemgongea muhuri kidogo, kunusuru ndoa ya watu? Karani akacheka, akagonga.

“Hakuniuliza mume mwenyewe yuko wapi,” anasema Maanrifa, na kurudi kwenye kikaango.

Ofisi ilinyamaza miezi minne. Mahakama ikaiamuru ipime mpaka na kumjibu kwa maandishi ndani ya siku thelathini. Jibu liwe lipi, haikusema. Leo ni siku ya ishirini na sita, na wapimaji wametuma habari kwamba watakuja kesho.

Shoga yake Djaouharia, anayeuza nazi jirani, anaona ni kazi bure: nani atamwambia dereva wa wazungu aondoe ua?

“Wakikataa, nitakuwa na hapana yenye muhuri, nimrudishie hakimu,” Maanrifa anamjibu. “Inshallah ya Mungu naijua, shoga. Hiyo ya karani ningeipeleka wapi?”

Kesho atachukua sinia la vitumbua hadi Ntsoudjini. Safari hii, anasema, watakula wakishapima.