Mama Mkwe Asiyesema Kitu

Mwandishi kutoka China alikuja kuzungumza kwenye maktaba ya mtaa wetu, Erdington, hapa Birmingham, Uingereza. Viti vilipangwa kwa ajili ya umati. Umati wenyewe ulikuwa mimi, shangazi yangu, na mzee mmoja aliyeingia kukwepa mvua.

Mama huyo alitueleza kazi zake. Kwao aliandika tamthilia za televisheni kwa miaka mingi. Wakubwa walimfutia wahusika, wakambadilishia miisho, kisha kwa heshima kubwa wakasahau kuweka jina lake. Akahamia Birmingham, akaandika kitabu, nacho kikafanikiwa kiasi cha kumfikisha mbele yetu.

"Ningependa tu kujua," alisema, "kama kuna mtu hata mmoja aliyeguswa na nilichoandika."

Akataja tamthilia yake moja, ya mke na mama mkwe. Shangazi akanishika mkono. Aliitazama yote jikoni, imetiwa sauti za Kiswahili, kila alipotoka kazini kutunza wazee.

"Kumbe ni huyu?" alininong'oneza. "Mwambie nililia pale mtoto amekufa, mama mkwe anasimama mlangoni, anasema, 'Pole, mwanangu.' Simama umwambie, baba."

Mimi huona haya hata kumshukuru dereva wa basi. Nilisimama, nikatafsiri kwa Kiingereza, nikakwama kwenye "pole". Nikasema ni kama kuomba msamaha, ila hujakosa chochote.

Mwandishi alikunja uso. "Pale mama mkwe hasemi kitu. Niliandika asimame tu. Nilikipigania sana kimya kile. Ndicho pekee walichoniachia."

Hapo nikaelewa. Mtia sauti fulani wa Kiswahili aliona mtu amefiwa na hapewi pole, akashindwa kuvumilia utovu huo wa adabu. Mwandishi amesota miaka yote hiyo, na sisi tumekuja kumsifu kwa neno la mtu mwingine. Hongera kwetu.

"Anasemaje?" shangazi akauliza.

Nikamweleza.

"Asiseme kitu? Kwa mtu aliyefiwa?" Alimwendea mwandishi, aliyekuwa ameanza kurudisha vitabu vyake kwenye boksi karibu na mlango, vyote, hata kimoja hakijanunuliwa. Akavitazama, akamtazama na yeye. "Pole, mama," akamwambia.

Mwandishi alisimama tu pale karibu na mlango, mikono imelegea, akimwangalia.

Shangazi akatafuta leso kwenye mkoba. Safari hii hakuna aliyetia sauti.