Jibu Alilopewa Jirani Yangu

Jirani yangu kule Munigi ni mjane wa upande wa Butembo. Nilianza kumwonea kijicho siku mpima ardhi alipopita mlangoni pangu bila kusimama, akaingia kwake.

Viwanja vyetu vimepakana. Tuliuziwa na mzee mmoja, na mpaka leo mimi nimepanda maharage tu kati ya mawe ya volkano. Tajiri wa nyuma yetu alijenga ukuta, nasi tukaona umemeza kipande cha kila mmoja wetu. Wote wawili tulilalamika kwenye ofisi ya ardhi. Ila mimi nina shemeji humo, mdogo wake mume wangu. Nilimpelekea maneno yangu kwa mdomo, na samaki juu yake, naye akanikataza kuandika, eti mkubwa wake angekasirika. Mjane hana mtu. Aliandika, akadai mhuri kwenye nakala yake, akangoja. Ofisi iliponyamaza, akaenda mahakamani. Nilimcheka, nikamwambia mahakama haigawi viwanja.

Kweli haikumgawia. Hakimu alisema ofisi imeombwa ipasavyo na imekaa kimya, basi ni lazima ipime na ijibu. Itajibu nini, hilo aliwaachia wenyewe.

Ndiyo maana mpima alikuja na utepe wake. Nilisimama kwenye maharage yangu roho ikiniuma, mwisho nikamwomba aufikishe na kwangu, si mbali.

"Mama, tribinali ilisema kwa uyu mama tu," alijibu huku akiukunja. "Weye uliandikaka?"

Nilimtaja shemeji yangu. Alinitazama kwa huruma, akaaga.

Niliomba mjane ashindwe. Niliomba hasa, hata kanisani. Na akashindwa: jibu la ofisi lilisema ukuta wa tajiri uko mahali pake, mzee ndiye aliyemuuzia urefu usiokuwepo. Nilikwenda kumpa pole huku moyo ukinichezea ngoma. Nilimkuta ameketi juu ya jiwe, macho mekundu, nikakaa naye nikitamani alie zaidi.

Jumatatu yake akaleta waashi.

"Sasa najua fasi yangu inaishia wapi," aliniambia. "Nitajenga pale. Na ule muzee aliniuzishia hewa, nitamufwata."

Nilirudi kwa shemeji yangu kumwuliza malalamiko yangu yamefika wapi. Akasema nivumilie bado kidogo. Nikiandika leo, ukoo mzima utasema nimemshitaki ndugu wa mume wangu. Nisipoandika, hakuna hakimu atakayejua kwamba niliwahi kuomba kitu. Siwezi kujenga, siwezi kuuza, sijui hata kama ukuta ule umenila au haukunila.

Subira huvuta heri, wanasema. Mimi napalilia maharage nikisikia nyundo za waashi wake zikipasua mawe. Mjane alijibiwa hapana, na hata hiyo hapana namwonea wivu.