Mkono wa Miiba Uliovuka Uzio

Jirani yangu Jokébed alikuwa na kitu kimoja tu cha kujivunia, na kitu hicho kilinichania kitenge changu kizuri cha Pasaka. Naanzia hapo kwa sababu mimi sijui kumsifu mtu bila kwanza kumlalamikia.

Tunaishi kwenye mteremko mmoja wa Butembo, upande ambao mvua ikinyesha njia inageuka kijito cha udongo mwekundu. Kati ya kiwanja changu na chake kuna uzio wa matete. Mmea wake wa matunda ya miiba haukuujua uzio huo. Ulitupa matawi marefu, membamba, yenye miiba iliyopinda, na matawi hayo hayakupanda juu kama ya miti yenye adabu. Yalitambaa chini yakitafuta pa kwenda. Jokébed aliyaita mikono. Kila asubuhi aliifunga mikono hiyo kwenye vijiti vya mkaratusi ili matunda yasiguse matope na kuku wasiyafikie, na siku zote mmoja ulimtoroka, ukapenya kwenye matete, ukaja kulala katikati ya matembele yangu. Nilimwambia ipo siku nitachukua panga. Akanijibu nichukue tu, ila nikishakata nisimwite tena jirani na nisibishe hodi kwake wakati wa ugali. Basi nikaliacha panga, maana ugali wa Jokébed naujua, na wangu naujua pia.

Alizaliwa juu kule, kwenye milima ya baridi inayopanda nyuma ya Kayna. Kule matunda hayo hayapandwi na mtu. Yanaota yenyewe pale msitu unapoishia na malisho yanapoanza, kando ya mianzi, kwenye makorongo ya barabara, popote mti ulipoanguka na jua likapata nafasi ya kuingia. Yanapenda ukungu. Tunda lenyewe ni dogo, chembe nyingi zilizoshikana, kwanza jekundu na chachu, halafu jeusi na tamu. Waliosoma Kifaransa huliita mûre. Jokébed anasema watoto waliotumwa kuchunga ng'ombe walirudi nyumbani na midomo myeusi huku wakiapa kwamba tangu asubuhi hawajatia kitu mdomoni, na mama yake aliwachapa kwa uongo, si kwa kula.

Aliolewa chini, Mbau, na mwanamume aliyeitwa Ananie, mtu wa kakao na wa utani mwingi. Alichukua mche wa matunda ya kwao akaupanda nyuma ya jiko. Ukakauka. Mmea wa ukungu hauwezi joto la Mbau. Jokébed aliwahi kuniambia kwamba aliuonea wivu, maana yeye hakuwa na ruhusa ya kukauka.

Halafu vikaja vita ambavyo sina haja ya kuvieleza; kila mtu wa hapa ana sehemu yake moyoni. Ananie aliuawa mbele ya nyumba yake mwenyewe, na waliomuua walitoka kwenye kichaka kilichokuwa hatua chache tu kutoka mlangoni. Jokébed alifika Butembo na binti yake Bénite, kikapu kimoja, na woga. Mwaka wake wa kwanza hapa hakuacha hata jani moja liote karibu na ukuta. Alifagia, alilima, aling'oa. Aling'oa hata maua ya mwenye nyumba, na mimi nikamwona mwanamke mkorofi, kwa sababu sikujua bado.

Kilichombadilisha ni msiba. Mama yake alifariki kule juu, akapanda kwenda kumzika, akarudi na mche wa matunda ya miiba umefungwa ndani ya jani la mgomba. Akaupanda chini ya dirisha lake. Karibu nao akapanda mche mwingine, aliopewa na masista: aina ya kigeni, inayosimama wima, yenye matunda makubwa, ila kwa mvua zetu matunda yake yalikuwa yanaoza kabla ya kupata utamu. Wa mlimani ulizaa madogo matamu, wa kigeni ulizaa makubwa mabovu. Nyuki wakatembelea maua ya huku na ya kule, ndege wakala matunda, wakaangusha mbegu ukutani, na pale ukutani ukaota mtoto. Ulitambaa kama wa mlimani, na ndio uliokuwa unanitupia mikono kupitia uzio. Ulipozaa, tunda lake lilijaa ncha ya kidole gumba, tamu, gumu, na mvua haikuliweza.

Niliyaonja. Nilisema ni mazuri kiasi, maana sikutaka azidi kuringa. Ukweli ni kwamba niliyaota usiku.

Sista wa bustani alimweleza Jokébed asihangaike na mbegu zake. Mtoto wa mchanganyiko namna hiyo hatoi mbegu inayofanana naye. Njia ni moja: mkono ulazwe ardhini, ncha yake ifunikwe udongo kidogo, itashika mizizi yenyewe na kuwa mmea. Jokébed akaamua kungoja mvua za Agosti. Mvua zikianza angeifungua mikono yote, ailaze, kisha miche awagawie wanawake waliokimbia kama yeye kutoka Mbau na Kamango, wanaokaa kwenye viwanja vidogo vya kukodi na hawana mahali pa kulima zaidi ya kando ya ukuta. Alilizungumza jambo hilo kila siku, hata kwenye mazishi ya watu. Nilielewa. Kile kilikuwa kichaka cha kwanza alichokubali kilale karibu naye tangu Ananie afe, na alitaka wenzake nao waweze kukubali.

Sasa akaja Éliakim. Huyu ni mwashi, kijana wa Beni, mikono kama makoleo na maneno machache, naye alimtaka Bénite. Familia zilikwisha kuonana, siku ya mbuzi wa mahari ilikwisha kupangwa. Na hapa lazima nieleze heshima yetu, ambayo wengine mjini wameitupa lakini Jokébed hakuitupa: mama mkwe na mkwe hawazungumzi ana kwa ana. Wakikutana njiani mmoja anakwepa. Akiwa na la kusema, analipitisha kwa mtu mwingine. Jokébed alimpenda sana yule kijana, na hakuwahi kumwambia hata habari ya asubuhi.

Kwetu pia, kijana anayetaka mke haji na mdomo. Anakuja na jembe. Jumamosi moja Jokébed alikuwa kanisani na akina mama, Bénite naye alikuwa kazini, mimi nilikuwa sokoni. Éliakim akapita, akakuta kimya, akatazama kiwanja cha mama mkwe wake atakayekuwa, akaona kichaka cha miiba chini ya dirisha lake. Akavua shati.

Wanasema kuuliza si ujinga. Lakini angemuuliza nani? Akaanza kulima, na sisi Wanande, mtu wetu akilima, amelima. Hakukata tu, alichimbua mashina, akakung'uta udongo kwenye mizizi, akarundika wa mlimani, wa kigeni na mtoto wao pamoja, akavitia moto. Akasawazisha udongo, akaufagia. Niliporudi kutoka sokoni, pale mahali palikuwa safi kama meza ya altare, naye alikuwa ananawa, amefurahi. Niliweka kikapu chini, nyanya zikabingirika mteremkoni, na sikuzifuata.

Jokébed alifika jioni. Alisimama mbele ya dirisha lake muda mrefu, Biblia kwapani. Nilingoja apige kelele, ningemsaidia. Hakupiga. Mkwe hatukanwi. Akanigeukia mimi.

«Ule mutoto amelima muzuri, Mama Nadège,» akasema. «Hakuacha hata muzizi.»

Akaingia ndani akafunga mlango.

Siku zilizofuata hakuja kwangu. Alimwambia Bénite kwamba habari ya mbuzi isogezwe mbele, bila kutaja siku. Bénite alikuja kwangu akilia. Alisema mama yake hamkasirikii Éliakim, na hilo ndilo lilimtisha zaidi. Ni kama mtu aliyeambiwa tena kwamba kitu kizuri hakikai kwake. Kila siku alifagia ule udongo mtupu chini ya dirisha, kama mwaka ule wa kwanza.

Nikapandwa na hasira, nikamwendea Éliakim pale alipokuwa anajenga. Nilikuwa nimeandaa maneno makali. Nikamwambia ameteketeza nini, na kwamba mmea ule hapakuwa na mwingine duniani. Akaweka mwiko chini, akakaa juu ya tofali, akashika kichwa.

«Mama, kwetu kule, kichaka nyuma ya nyumba njo mulango ya adui,» akasema. «Kaka yangu alikufa sababu ya kichaka kidogo tu, mutu hawezi zani inaficha batu. Niliona mama ya Bénite analala na kichaka ku dirisha, roho yangu ikakatala kutulia. Kumuuliza, ningemuuliza namna gani?»

Maneno yangu makali yakaisha. Niliyabeba yake, nikapanda nayo mteremko bila kupumzika, nikabisha kwa Jokébed mpaka akafungua. Nikamwambia yote kama nilivyoambiwa, neno kwa neno, na mimi si mtu wa kupeleka habari bila kuongeza chumvi.

Alikaa kitandani akasikiliza. Halafu akalia, kwa sauti, kilio ambacho nadhani kilikuwa kinangoja tangu Mbau. Nikakaa karibu yake. Alipomaliza, akajifuta uso kwa pembe ya kitenge.

«Ule njo mimi,» akasema. «Amefanya vile nilifanya. Alitaka nisikufe.» Akasimama. «Balete mbuzi siku ile ile. Muti imekwisha kuungua, mutu angali hapa.»

Nilitoka kwake nimefurahi na nimechoka, na kwa kuwa nilikuwa natazama juu kumshukuru Mungu, nikakanyaga matembele yangu na mwiba ukanichoma mguu. Nikatukana, kidogo tu. Ulikuwa ule mkono mtoro. Upande wa uzio ulikuwa umekatwa na kukauka, rangi ya kijiti cha kuwashia moto. Nikaushika niutupe mbali. Haukuja. Nikavuta tena, nao ukashikilia ardhi kama mtu anayeshikilia nguo ya mama yake. Nikainama. Ncha ilikuwa imezama kwenye udongo wangu, pale ninapomwaga maji ya kuoshea vyombo, na kutoka hapo yalikuwa yamechipuka majani mapya mawili, ya kijani, yana manyoya madogo. Mwili wote wa mkono ulikuwa umekufa, na ncha ilikuwa hai kwangu.

Nilikaa chini matopeni nikacheka peke yangu. Wapita njia walinitazama.

Nilitaka kupiga yowe Jokébed asikie. Halafu nikafikiri: nikimpa mimi, atapata mmea. Akipewa na aliyeuteketeza, atapata zaidi. Nikafunga mdomo, na wanaonijua wanajua bei ya jambo hilo. Nikamwita Éliakim. Aligusa yale majani kwa kidole kimoja, kidole cha mwashi, taratibu kabisa. Tangu siku hiyo alipita kwangu kila jioni baada ya kazi, akimwagilia, akiweka kivuli cha jani la mgomba kwa ajili ya jua la kesho yake. Jokébed alimwona mgeni wangu wa jioni akadhani ninajengewa jiko. Nikamwacha adhani.

Mvua za kwanza zikaja, na siku ya mahari ikaja nyuma yake. Mbuzi walipanda mteremko wakilalamika kuliko mimi. Wazee wa pande zote mbili walikaa kwenye viti vya kuazima, msemaji wa familia ya Éliakim akasema yanayosemwa, wa kwetu akakataa yanayokataliwa, wakaelewana. Jokébed alikuwa ndani, nyuma ya pazia, kama heshima inavyotaka. Ndipo msemaji wao akasema kwamba kijana ana kitu kimoja zaidi, si cha mahari, na anaomba kukileta yeye mwenyewe.

Éliakim akaja kutoka kwangu amevaa koti, amebeba ndoo ya plastiki kwa mikono miwili. Ndani ya ndoo mlikuwa na udongo wangu, na katikati ya udongo mche wenye majani ya miiba na mkono mmoja mchanga ulioanza kuning'inia nje. Akaweka ndoo mbele ya mlango, akarudi nyuma, akainamisha macho.

Pazia likasogea. Jokébed akatoka. Wazee wakatazamana, maana hilo halifanywi. Akapiga magoti mbele ya ndoo, akageuza jani moja akatazama upande wake wa chini, akanusa vidole. Alijua ni ule ule wa ukutani. Akanitazama, nikatazama mbuzi.

Kisha akainua uso akamtazama mkwe wake machoni, mara ya kwanza mbele ya watu.

«Wasingya, mutoto wangu,» akamshukuru. «Kamata jembe. Upande pale pale ku dirisha. Udongo ya pale iko muzuri, ni wee mwenyewe ulilima.»

Éliakim akatafuta jembe huku machozi yanamtoka, na hakuna mzee aliyemcheka. Alichimba akiwa na koti lake. Alipotaka kusimamisha kijiti cha kuufungia ule mkono mchanga, Jokébed akamzuia.

«Hapana. Usiifunge tena. Acha itembee.»

Kesho yake asubuhi nilitoka mapema nikang'oa matete ya uzio, sehemu pana ya kutosha mlango. Jokébed akachungulia dirishani akaniuliza ninafanya nini. Nikamwambia mikono yake sasa ipite mlangoni, nimechoka kushonesha vitenge.