Kifutu Hakimbii

Mume wangu wanamwita Bwana Nyoka. Kazi yake ni kulisha nyoka na kuwakamua sumu, itengenezewe dawa ya walioumwa. Ni hodari, lakini mbishi jamani, mbishi kupindukia!

Kipenzi chake ni kifutu. "Huyu hakimbii, mke wangu," huniambia. "Swila akisikia kishindo anatimua mbio. Kifutu anatulia tuli kwenye majani makavu, kahawia kwa kahawia, mpaka panya apite puani pake. Wewe ungemkanyaga ukidhani takataka. Anaiamini ngozi yake." Yeye mwenyewe alikuwa akimwona papo hapo, bila hata kukodoa macho.

Mwaka huu macho yakaanza kumtupa. Alimimina chai nje ya kikombe, akanisingizia mimi nimekisogeza. Siku nyingine akaliamkia koti langu lililotundikwa mlangoni: "Shikamoo mama!" Alidhani mama yangu kaja. Nilicheka mpaka mbavu zikauma, kisha nikakumbuka anakoshinda kutwa. Kicheko kikanikauka.

"Waambie kazini," nikamsihi.

"Wataniondoa, na mimi kazi nyingine siijui. Nyamaza, mama watoto."

Nikanyamaza, roho juujuu. Kule kazini alikariri kila kizimba na kila komeo, na hakuna aliyemshtukia.

Jana jioni nikaitwa hospitali. Mkono wake wa kulia ulikuwa umevimba hadi begani, ngozi imekuwa nyeusi. Daktari alisema dawa imeokoa uhai, mkono haikuuwahi. Watamkata mkono, juu ya kiwiko. Hata kulitamka neno hilo naogopa.

Msimamizi wake akaingia. Mume wangu akamsikia sauti, akamuwahi: "Nisamehe mkubwa. Nilitia mkono nichukue bakuli la maji, kumbe kifutu kajifukia majanini. Hata wewe usingemwona."

Aliongopa vizuri, maskini. Hata mimi nilikaribia kumwamini.

Msimamizi akasema taratibu, "Ndugu yangu, leo ilikuwa zamu ya kuosha kizimba. Majani yote tulikwisha kuyatoa. Kifutu alikuwa peke yake juu ya saruji nyeupe."

Mume wangu akajiinua kitandani. Akageuza uso huku na huku, machozi yakimtiririka.

"Mama watoto," akaita, "uko wapi?"

Nilikuwa nimesimama mbele yake.